Barua za Kasonia

Butembo, Jumatatu 9 Septemba 2002

Mvua ya kwanza ya msimu imenyesha leo mchana, na mimi nimerudi kazini. Zimepita wiki tatu kamili tangu tumzike Abdias.

Josaphat alikuwa ananingoja kwenye chumba cha kaseti. Yeye ndiye mwenye kituo chetu cha televisheni: vyumba viwili, kamera moja iliyonunuliwa kwa kazi ya harusi, mashine ya umeme, na mlingoti juu ya kilima. Kwa miaka miwili kila Jumamosi jioni tumeonyesha mchezo wangu, Kasonia na Jirani Zake, na kaseti zake zinapanda malori hadi vyumba vya video vya Beni na Oicha. Abdias alikuwa Kasonia, mnunuzi wa kahawa mwenye maneno mengi. Sophie, mke wake wa kweli, ndiye anayecheza mke wa Kasonia.

“Tunafanya nini na Kasonia?” Josaphat aliniuliza.

“Alikufa.”

“Abdias njo alikufa. Kasonia, batu habajamuzika bado. Jana kwenye misa mama mumoja ananiuliza: atarudia lini?”

Nikasema Kasonia anaweza kuwa safarini. Anatuma barua, na mke wake anazisoma mbele ya jirani. Nilianza kuandika nikiwa mwalimu, michezo ya Noeli ya parokia, na tangu siku zile najua njia hiyo: mchezaji akikosekana, mpe kalamu.

“Bien,” Josaphat akasema. “Na Sophie, utamuambia wewe.”

Alhamisi 12 Septemba

Nilimkuta Sophie uani akichambua maharagi. Nilimweleza.

“Barua ya Abdias?”

“Ya Kasonia.”

“Na nani ataandika?”

“Mimi.”

Alitupa kijiwe kando. “Basi andika muzuri. Yeye mwandiko wake ulikuwa mubaya sana.”

Nilipoinuka kuaga, akaniuliza bila kuinua macho: “Malachie, juu ya nini alitoka Beni samedi? Aliniambia atangoja malori ya lundi, ile inatembeaka na balinzi.”

Nikasema sijui kwa nini alitoka Jumamosi asingoje Jumatatu.

Jumamosi 14 Septemba

Barua ya kwanza imekwisha. Mvua.

Jumapili 15 Septemba

Nimerudi kutoka misa, nimefunga mlango. Daftari hili halisomwi na mtu, basi niandike.

Ijumaa ile ya Agosti nilikwenda kwa Mariette, mwenye fonii, redio inayotuunganisha na Beni tangu simu zife. Abdias alikuwa Beni kwa shangazi yake. Nilimwita kwenye redio. Nilimwambia asingoje malori ya Jumatatu, apande pikipiki kesho yake, nimebadilisha onyesho la ndugu wawili na nataka tulipige picha upya Jumapili, kukiwa na mwangaza. Alicheka. Akasema, “Sawa, mukubwa. Wewe njo unajua.”

Watu wenye bunduki waliwasimamisha yeye na mwenye pikipiki katikati ya njia. Hakuna aliyejua ni watu wa nani. Hakuna anayejua hata leo.

Mariette alikuwa amekaa kando ya redio, mkono kwenye kibonyezo. Alisikia kila neno. Kwenye mazishi alinipa mkono, akauondoa kabla sijaushika.

Jumamosi 28 Septemba

Tumeonyesha barua ya kwanza. Tuliipiga Jumatano nyumbani kwa Josaphat, Sophie akiwa kwenye kiti, jirani watatu wamemzunguka. Alisoma vizuri, sauti yake kavu. “Mke wangu, niko salama. Njia zimekuwa matope, lakini nimelala kwa watu wema. Mlango wa jikoni usiupigilie msumari, nitautengeneza mwenyewe.”

Hapo alisimama. Kamera ikaendelea kuzunguka. Mlango wa jikoni unaoning’inia ni wa nyumba yake, Abdias ndiye aliyeniambia habari zake. Niliuandika bila kufikiri.

Akamalizia kusoma. Baadaye, akikunja karatasi, alisema, “Iko sauti yake kabisa. Ulitoa wapi?”

Jumatatu 30 Septemba

Mwenye chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kubebea mizigo, aliyepakia viazi vya Masereka amesimama katikati ya mteremko, jambo ambalo mwenye chukudu hafanyi, ili aniambie: “Papa Malachie, umusalimie Kasonia.”

Alhamisi 3 Oktoba

Mashine ya umeme imeharibika. Hakuna kazi.

Jumanne 8 Oktoba

Nilikuwa natafuta katika kaseti za zamani sura ya Kasonia kwa nyuma, akiondoka, niiweke mwanzo wa kipindi. Nikapata kipande tulichokikata mwaka jana. Abdias amesimama na kofia mkononi. Anageuka, ananitazama moja kwa moja kwenye kioo cha kamera, anauliza: “Malachie, niseme namna gani?”

Picha inakatika kabla sijajibu. Nimeirudisha mara sita. Kila mara anangoja kidogo, kama mtu mwenye adabu, halafu anapotea.

Jumamosi 12 Oktoba

Katika barua ya pili niliandika kwamba Kasonia amefika upande wa Mambasa, msituni, anatafuta kahawa. Nilichagua Mambasa kwa sababu ni mbali, basi. Leo Josaphat ameniletea bahasha nne. Zote zimeandikwa kwa Kasonia. “Kwa kuwa uko upande ule, uulizie kaka yangu aliyekwenda kuchimba dhahabu.” “Tunaomba habari za mama yetu.” Moja imeandikwa kwa penseli ya shule na ina jina la mtu tu, na kijiji.

“Wanajua kwamba ni mchezo,” nilisema.

“Banajua,” Josaphat akajibu. “Lakini ni nani mwingine anafikaka kule sasa?”

Jumapili 27 Oktoba

Vita viko Mambasa kweli. Mariette anasema fonii za Beni hazinyamazi. Watu wanafika Beni na hapa kwetu kwa miguu, mafungu mafungu, mvua mgongoni, wanalala kwenye madarasa na makanisa. Wengine wamekwenda hadi Oicha.

Jumanne 29 Oktoba

Tumeamua. Kila barua ya Kasonia itakuwa na majina. Atasema: fulani wa mahali fulani anatafutwa na ndugu yake aliye Butembo. Sheria ni moja, Josaphat ameiandika ukutani kwa chaki: KASONIA ANAULIZA, HAJIBU.

Jumanne 5 Novemba

Mwanamume mmoja amemkuta mke wake. Yeye alikuwa amelala Beni katika kanisa la Waprotestanti, mke katika shule nyuma ya soko, kwa siku tisa hakuna aliyejua mwenzake yuko wapi. Mtu fulani katika chumba cha video alisikia jina likisomwa na Sophie, akakimbia kumwita. Mariette ndiye aliyeniletea habari. Alinitazama usoni kwa mara ya kwanza tangu Agosti.

Nimeandika hadi mkono umechoka. Maneno yanakuja kwa sauti ya Abdias, na mapumziko yake, na ile “hata hivyo” yake. Nikijaribu kuandika kwa sauti yangu, hakuna kinachokuja. Zamani mimi ndiye niliyemwambia aseme nini.

Alhamisi 7 Novemba

Josaphat amepata barua kutoka Kampala. Watu wanaotengeneza filamu huko wameona kaseti zetu, wananitaka kwa miezi mitatu niandike filamu nzima, filamu ya kweli yenye taa na mafundi. Kiti changu kiko kwenye ndege ndogo itakayotoka uwanja wetu wa Rughenda Ijumaa tarehe 13 Desemba.

Miaka kumi na tano nimeomba jambo hili. Nilisema asante, nikaenda kununua sabuni.

Jumamosi 9 Novemba

Leo amekuja mama mmoja kutoka Oicha, juu ya lori la mbao, siku nzima kwenye matope. Jina lake Marie-Jeanne. Mtu wa Masereka kwa kuzaliwa, mjane, ana shamba Oicha ukingoni mwa msitu. Mtoto wake wa pekee, Kitsa, ana miaka ishirini na tatu, alikwenda upande wa Mambasa mwezi wa nane kufanya kazi kwa mpasua mbao. Tangu vita vianze, kimya.

Nilimpa chai. Hakulia. Alishika kikombe kwa mikono miwili.

“Mutoto, Kasonia atamuona?”

“Mama, Kasonia anauliza tu. Sisi tunasoma jina, kama kuna mtu…”

“Ndiyo. Lakini atamuona?”

Nilimweleza tena. Alinisikiliza kwa upole, kama mtu anayemsikiliza mtoto akisoma katekisimu. Alipoinuka akanishika mkono. “Wasingya, mwana wangu, wasingya.” Alinishukuru kama kazi imekwisha kufanyika.

Jumatatu 11 Novemba

Nimevunja sheria ya ukutani. Naandika hapa nilichoandika kule, neno kwa neno: “Mke wangu, umtumie habari Mama Marie-Jeanne wa Oicha. Nimemwona Kitsa wake sokoni. Anabeba magunia ya mchele kwa mfanyabiashara mmoja, amenenepa kidogo, anamsalimu mama yake, asiwe na wasiwasi.”

Nilijiambia ni huruma. Nilijiambia kwamba mama yule atalala usingizi hadi njia zifunguke. Ukweli ni kwamba nilitaka niandike mtu mmoja akiwa hai njiani.

Jumatano 13 Novemba

Sophie alisoma hadi jina la Kitsa, akashusha karatasi.

“Huyu, nani alimuona?”

“Imeandikwa, Sophie. Soma.”

“Ninauliza nani alimuona.”

“Kasonia.”

Alinitazama. Jirani wa mchezo wakatazama miguu yao. Kisha akainua karatasi na kusoma, vizuri kuliko siku zote.

Jumamosi 16 Novemba

Imeonyeshwa. Kaseti imepanda lori.

Jumatano 20 Novemba

Mvua siku nne. Ukuta wa choo cha shule umeanguka.

Jumatano 27 Novemba

Mariette alituma niitwe. Mvua ilikuwa inapiga mabati, tukasogea karibu ili tusikiane.

“Oicha banatafuta habari za mama mumoja,” alisema. “Marie-Jeanne. Aliona kaseti ijumaa. Lundi asubuhi alifunga nyumba, akachukua mutungi na unga ya fufu kidogo, akashika njia ya Mambasa kwa miguu. Batu banamukataza. Anabajibu: Kasonia alimuona mutoto wangu, mimi niikae?”

Nilivua koti langu, nikaliweka kwenye kiti.

“Batu ba huko banakimbia banakuya huku,” Mariette akaendelea. “Yeye anaenda peke yake. Wa kwanza nilinyamaza, Malachie. Nilisema ni bahati mubaya, kila mutu anaita mutu kwenye fonii. Huyu ni wa pili.”

Alizima redio ili kuokoa betri. Nilitoka nikasahau koti langu kwenye kiti, nikatembea hadi nyumbani nikilowa.

Alhamisi 28 Novemba

Nilikwenda kwa Sophie saa nne asubuhi. Alikuwa anaanika nguo chini ya mabati, kwa sababu jua halipo. Nilimwambia nina neno. Alivuta kigoda, hakunipa mimi kingine, nikabaki nimesimama.

Nilimwambia yote. Fonii, Ijumaa, pikipiki. Nilimwambia nilimdanganya mwezi wa Septemba, siku ya maharagi. Nilimwambia na habari za Kitsa, kwamba hakuna mtu aliyemwona, na kwamba mama yuko njiani.

Alikuwa anakamua shati ambalo lilikuwa tayari kavu.

“Ulimuita juu ya mustari gani?”

“Sophie…”

“Mustari gani. Sema.”

“Ndugu yake anakuja mlangoni. Mwanzo Kasonia alikuwa ananyamaza. Nilitaka aseme: karibu, ndugu yangu, kuna baridi nje.”

“Karibu, ndugu yangu, kuna baridi nje,” Sophie akarudia, polepole, kama anavyofanya akijifunza mchezo. “Na ile ilikuwa ya lazima?”

“Hapana.”

“Ilikuwa muzuri kuliko ya kwanza?”

Nilifikiri. Ilinibidi nijibu ukweli. “Kidogo.”

Akatikisa kichwa. Hakupiga kelele. Alisema, “Wiki kumi ninasoma barua zako. Kila jumatano ninavaa kitambaa cha bibi mwenye bwana. Ninarudia nyumbani, ninavaa cha mujane. Watu sokoni bananiuliza bwana yako anarudia lini, ninabajibu bientôt, karibu tu, juu ya mchezo. Ulijua, na ulinitazama nikisoma.”

“Nilijua.”

“Toka, Malachie.”

Nilitoka. Akaniita nikiwa langoni.

“Kasonia anakufa,” alisema. “Samedi ya wiki ijayo. Unaandika, ninacheza, halafu basi. Mimi nataka matanga yangu.”

Jumapili 1 Desemba

Siandiki. Nimekaa. Abdias hasemi kitu. Miezi mitatu amenisemea, na leo nikihitaji kifo chake amefunga mdomo.

Jumanne 3 Desemba

Josaphat alikataa kwanza. “Batu banaishi juu ya zile barua. Basi ukimuua, barua za batafutwa zinaenda wapi?” Nilimwambia kuhusu Marie-Jeanne. Aliketi. Kisha akachukua kitambaa kilicholowa akafuta chaki ukutani.

Jumatano 4 Desemba

Onyesho lilikuwa fupi. Jirani wawili wanaingia, wanavua kofia. Sikumwandikia Sophie neno hata moja, sikuthubutu.

Tulikuwa tumeomba watu sita wa kukaa uani kwa Josaphat kama waombolezaji. Sijui habari ilitembea namna gani. Ilipofika saa saba, uani kulikuwa na watu zaidi ya mia, wamekuja na mikeka, na sufuria za maharagi, na kuni zao. Wengine walikuwa wakimbizi ambao hatujui majina yao. Walikaa kwenye matope. Josaphat alitaka kuwapanga kwa ajili ya kamera, nikamshika mkono.

Sophie alitoka mlangoni. Jirani wakavua kofia. Alitazama watu wale wote, halafu akasema jina. Hakusema Kasonia. Alisema Abdias.

Mtu mmoja nyuma akaitikia kwa kilio, na ua wote ukapokea. Kamera ilizunguka hadi kaseti ikaisha. Hatukukata kitu.

Jumamosi 7 Desemba

Imeonyeshwa. Mji umekuwa kimya kama siku ya Ijumaa Kuu.

Jumanne 10 Desemba

Josaphat ameniletea karatasi ya ndege. Nimemwambia sitakwenda Kampala. “Benyewe habatakungoja,” alisema. Najua. Mariette amenitafutia nafasi juu ya lori la Oicha. Fonii inasema huko kuna mama wa makamo aliyerudi kutoka msituni, miguu imevimba, hana mtu. Jina halikusikika, fonii ilikuwa na kelele.

Beni, Jumatano 11 Desemba

Tulipita pale katikati ya njia, aliposimamishwa Abdias. Dereva alivua kofia bila kupunguza mwendo. Nilitaka kumwambia asimame, sikumwambia. Ni nyasi tu na kona.

Oicha, Ijumaa 13 Desemba

Nilimkuta katika darasa la tatu la shule ya msingi, familia saba ndani, kamba za nguo zimegawa vyumba. Marie-Jeanne alikuwa amekaa ukutani, miguu imefungwa vitambaa, haijaweza kumfikisha kwake ukingoni mwa msitu. Alinitambua kabla sijamtambua.

“Mutu wa televisheni,” alisema. “Ikaa.”

Sikukaa. Nilikuwa nimepanga maneno njia nzima, mimi ambaye kazi yangu ni maneno, na yote yalikimbia. Nikasema: “Mama, Kasonia hakumwona Kitsa. Hakuna mtu aliyemwona. Mimi niliandika uongo.”

“Ninajua.”

“Ulijua lini?”

“Siku ile ile kwenye video.” Alivuta kitambaa cha mguu. “Ulisema anabeba magunia. Mutoto wangu alikatwaka mukono wa kuume na msumeno, iko miaka mbili. Kule kwa mupasua mbao anahesabia bangine mbao. Gunia atabeba na nini?”

“Basi kwa nini ulikwenda?”

Akafikiri, kama swali ni la maana. “Nilikuwa naikaa tu. Kila asubuhi naikaa mlangoni. Halafu ninasikia mutu mugeni, mutu wa Butembo, anasema jina la mutoto wangu mbele ya batu bote, hata kama anadanganya. Haya ikanishika. Nikasema, mugeni anamutafuta, na mimi niliyemuzaa?”

Alitembea siku tano. Siku ya tano alifika mahali pa msumeno. Mpasua mbao mwenyewe alikuwa bado hapo, amejificha na wawili wengine. Walimwonyesha. Wamezikwa kumi na mmoja pamoja, chini ya mbao zisizopasuliwa ili wanyama wasichimbe. Kitsa ni wa nne kutoka upande wa mto.

“Niliomba majina ya bangine,” alisema. “Njia yote ya kurudia ninayasema, nisisahau. Bako na bamama. Chukua karatasi.”

Nikakaa chini kwenye saruji. Alifumba macho akayataja, jina, jina la baba, kijiji. Mara mbili alirudi nyuma kurekebisha. Niliandika kumi na moja na kumsomea yote, naye akasikiliza kila moja hadi mwisho.

“Utayasoma kule?”

“Ndiyo, mama.”

“Si ile Kasonia.”

“Kasonia alikufa.”

“Niliambiwa. Pole.” Akanishika kidole gumba, kama anavyoshikwa mtoto kuvushwa barabara. “Soma wewe. Na useme ni nani alikuambia. Useme ni Marie-Jeanne, alifika mpaka kule, aliona.”

Butembo, Jumatano 18 Desemba

Sophie alikuja bila kuitwa. Mpiga picha wetu amekimbilia kwa wazazi wake, basi yeye ndiye aliyeshika kamera. Nilimwambia asante.

“Sijakusamehe,” alisema, jicho kwenye kioo. “Niko nafanya kazi. Geuka kidogo, uso uko giza.”

Nikageuka.

Jumamosi 21 Desemba

Jioni mvua ilipungua na tukaonyesha. Tulikuwa tumeweka televisheni mlangoni kwa Josaphat, kwa ajili ya wakimbizi waliojaa uani. Katika picha nimeshika karatasi, sauti yangu nyembamba, nasahau kupumua. Nasema: haya nimeambiwa na Mama Marie-Jeanne wa Oicha, aliyefika mpaka kule na kuona. Halafu majina.

Kwenye jina la saba mwanamke mmoja uani alisimama. Hakulia. Alisema, “Huyo ni wangu,” kwa sauti ya mtu anayeitikia darasani, na akabaki amesimama mpaka la kumi na moja. Sophie akaenda kusimama karibu naye.